Siku Sita Nyuma ya Herbert Baker: Kutoka Nairobi hadi Cape Town

Siku ya kwanza, Jumatatu: Nairobi

Safari ya kumfuata msanifu majengo Herbert Baker ingeweza kuanzia Uingereza alikozaliwa, au Afrika Kusini alikopatia jina, lakini nimeona niianzie hapa nilipo, kwa sababu ni kazi zake za Nairobi zilizonitia dukuduku. Kwa miaka kumi na minane ya kazi ya usanifu majengo nimepita mbele ya jengo la Mahakama ya Juu mara zisizohesabika, ramani zikiwa kwapani na haraka ikiwa miguuni, na sikumbuki hata siku moja niliyosimama kulitazama. Leo nimesimama. Nguzo zimepangwa kwa nidhamu, mawe yamechongwa na mafundi waliojua kazi yao, na bado nilipogeuka kuondoka sikubaki na kitu moyoni.

Mchana nilipata ruhusa ya kuizunguka Nairobi School, shule iliyo kando ya barabara ya Waiyaki, ambayo ilifunguliwa mwaka 1931 ikiitwa Prince of Wales. Hapa Baker alinishika zaidi. Alielewa kwamba adui wa jengo la nchi yetu ni jua la utosi na mvua ya kishindo, kwa hiyo akalizungushia baraza ndefu zenye matao, na nilipokuwa nimesimama humo saa sita kamili niliona mpaka wa kivuli umechorwa sakafuni kama kwa rula, hatua kadhaa kabla ya kuufikia ukuta wa darasa. Mwalimu aliyenitembeza alinionyesha kwa fahari jinsi wanafunzi wanavyovuka kutoka darasa moja hadi jingine siku ya mvua. “Hapa, Mama, mwavuli ni mzigo tu,” alisema.

Baker aliyachora majengo haya akiwa amekwisha kuvuka umri wa miaka 60, ofisi yake ikiwa London. Alikuwa amekaribishwa Kenya na Gavana Edward Grigg, aliyetawala kuanzia mwaka 1925 hadi 1930, na kazi ya kusimamia ujenzi Nairobi ilikuwa mikononi mwa msaidizi wake, Jan Hoogterp. Huenda ndiyo sababu majengo haya yana akili nyingi kuliko joto. Nina shaka nyingine pia, ambayo nataka kwenda kuihakikisha kusini: kwamba Nairobi Baker hakupewa kilima.

Siku ya pili, Jumanne: Njiani, kisha Pretoria

Ndege ya muda wa saa nne hivi hadi Johannesburg, foleni ndefu ya pasipoti, kisha treni ya Gautrain, ambayo mtu anayekwenda Pretoria huibadili Marlboro. Njiani nilizisoma upya kumbukumbu nilizoandika. Baker alizaliwa mwaka 1862 katika nyumba ya ukoo wao iitwayo Owletts, kijiji cha Cobham, jimbo la Kent. Alianza kujifunza kazi kwa binamu yake Arthur Baker, akaendelea katika ofisi ya Ernest George mjini London, na huko ndiko alikokutana na kijana aliyeitwa Edwin Lutyens, ambaye baadaye atakuwa rafiki yake, mshirika wake, na hatimaye mtu asiyependa kumwona. Mwaka 1892 alisafiri hadi Cape kumsaidia mdogo wake aliyetaka kulima matunda. Alikwenda kutazama shamba, akakaa miaka ishirini na moja.

Nilishukia stesheni ya Pretoria, ambapo kituo kipya cha Gautrain kimejengwa ubavuni mwa stesheni ya zamani, na stesheni ya zamani ni kazi ya Baker ya mwaka 1910. Imesimama kimya, jiwe na vigae, ikiwa na ukubwa ambao nadhani ulitangulia mahitaji ya mji wa wakati ule. Mwaka 2001 abiria waliochoshwa na treni zisizofika kwa wakati waliitia moto, sehemu ikateketea, ikajengwa upya. Sikukaa sana. Nilikuwa na njaa.

Siku ya tatu, Jumatano: Meintjieskop

Dereva wa teksi aliyenichukua asubuhi alinisikia nikizungumza na simu kwa Kiswahili, akageuka kwa furaha. Alitoka Bukavu, ameishi Pretoria miaka tisa. Nilipomwambia ninakwenda kuyaona Majengo ya Muungano, ofisi za serikali alizozichora Baker, alitikisa kichwa kwa huruma: “Lakini Mama, mule ndani hauingie. Unaangalia inje tu.” Nilimjibu kwamba nje ndiko ninakotaka, naye akanishusha chini kabisa ya bustani, akanionyesha sehemu atakayonisubiri.

Ilikuwa Oktoba na mijakaranda ilikuwa imechanua mji mzima, maua ya zambarau yamelala barabarani kama mtu amemwaga rangi. Ukisimama chini ya bustani na kutazama juu, huoni jengo kwanza, unaona kilima chenyewe, Meintjieskop. Jengo limelala juu ya bega la kilima, si kileleni, na hilo ndilo jambo la kwanza ambalo msanifu yeyote anapaswa kulitafakari. Mtu mwingine angepanda hadi juu kabisa aonekane. Baker aliacha kilele kikae nyuma kama mgongo wa kiti, akaweka jengo lenye urefu wa zaidi ya mita 270 kwenye rafu ya asili, mabawa mawili yanayofanana kabisa, kila moja na mnara wake wenye kuba, yakiunganishwa katikati na safu ya nguzo iliyopinda nusu duara. Katikati palikuwa na machimbo ya mawe yaliyoachwa. Shimo ambalo mkandarasi wa kawaida angelifukia kwa udongo, yeye aliligeuza kuwa uwanja wa ngazi za nusu duara, na safu ya nguzo ikaufuata mkunjo wa shimo lile. Ninapowafundisha vijana ofisini nitaanza kuwapa mfano huu: usipigane na kiwanja, kiulize kwanza.

Cecil Rhodes, mwanasiasa wa Cape ambaye nitamkuta Cape Town, ndiye aliyemlipia Baker safari ya mwaka 1900 ya kwenda Italia, Ugiriki na Misri kuona majengo ya kale, na matunda ya safari ile yapo hapa mbele ya macho. Hekalu la Kigiriki lilichaguliwa mahali kabla ya kuchorwa. Ila hili si hekalu. Ni ofisi, na zilijengwa kwa kasi ya kutisha: jiwe la msingi liliwekwa Novemba 1910, miezi michache baada ya makoloni manne kuunganishwa kuwa nchi moja, na kufikia mwaka 1913 kazi ilikuwa imekwisha. Wafanyakazi walikuwa kiasi cha 1,265, matofali ya kuta za ndani peke yake milioni 14, na gharama ilizidi pauni milioni 1.3.

Nilipanda bustani taratibu, ngazi baada ya ngazi, nikawa napapasa kuta za kuzuia udongo. Jiwe la chini ni gumu, la rangi ya kutu, limeachwa na makovu ya patasi. Kadiri unavyopanda, mawe yanakuwa laini na meupe zaidi, hadi unafika kwenye mawe ya mchanga yaliyochongwa hadi yakanyooka kama mbao zilizopigwa randa. Niliweka kiganja kwenye jiwe la chini, kisha kwenye la juu. La chini lilikuwa bado na baridi ya usiku, la juu limekwisha kupata moto. Kilima kinageuka jengo polepole mkononi mwako, na sijui kama kuna msanifu wa kizazi chake aliyeliweza hilo vizuri hivi.

Sasa nije kwenye jambo lililonileta. Mabawa mawili yaliyo sawa yalikusudiwa kuwa watu wawili waliokuwa wamepigana vita hadi mwaka 1902, Waingereza na Makaburu, na ile safu ya nguzo ndiyo mkono waliopeana. Wenye nchi hawana bawa. Baker hakuwasahau, na pengine ingekuwa afadhali angewasahau, maana alipendekeza wajengewe mahali pao pa baraza nje, pasipo na kuta kamili, ambapo wangekutana na wakubwa na kuuhisi utukufu wa serikali bila kuingia ndani ya jengo. Hapakujengwa. Nilisimama nikatafuta kwa macho mahali ambapo pangekaa, na nikakumbuka maneno ya dereva wangu.

Lakini shimo la machimbo lilikuwa na mipango yake. Tarehe 9 Agosti 1956 wanawake wapatao 20,000 walipanda kilima hiki kupinga sheria ya pasi, vitambulisho ambavyo watu weusi walilazimishwa kubeba, wakiongozwa na Lilian Ngoyi, Helen Joseph, Rahima Moosa na Sophia Williams. Waliacha marundo ya maombi yenye saini mlangoni mwa Waziri Mkuu Strijdom, ambaye hakutokea kuwapokea, kisha wakasimama kimya kwa nusu saa katika uwanja ule wa nusu duara, wengi wao wakiwa na watoto mgongoni. Mtu anayejua sauti inavyotembea katika jengo atanielewa nikisema kwamba umbo lile limechorwa ili mzungumzaji mmoja asikiwe na wengi, na kwamba kimya cha watu 20,000 ndani yake lazima kilikuwa kizito kuliko hotuba yoyote. Na hapo hapo, tarehe 10 Mei 1994, Nelson Mandela akaapishwa.

Sanamu yake ya mita 9, mikono imetandazwa, imesimama bustanini tangu Desemba 2013. Watoto wa shule walikuwa wakipigana vikumbo kupiga picha chini ya vidole vyake. Nilimkuta dereva amelala kwenye kiti, mlango wazi, redio ikiimba.

Siku ya nne, Alhamisi: Johannesburg

Mwaka 1902, vita vilipomalizika, Alfred Milner, aliyekuwa mtawala wa Uingereza huku kaskazini, alimwita Baker kutoka Cape aje kusaidia kuijenga Transvaal, koloni lenye miji ya Pretoria na Johannesburg. Baker alifika Johannesburg, akapanda ukingo wa mawe wa Parktown, akajijengea nyumba aliyoiita Stonehouse kwa mawe yaliyovunjwa papo hapo kiwanjani. Ni nyumba ya mtu binafsi, kwa hiyo niliitazama kutoka barabarani kama mpelelezi, shingo imerefushwa juu ya ukuta. Mawe ya ukingo huu ni magumu kiasi kwamba patasi huteleza. Mwashi hawezi kuyalainisha, anayachagua tu na kuyapanga, kama mtu anayepanga ndizi mkungu kwa mkungu. Baker alikubali ukaidi huo. Kuta zake zinaonekana zimeota.

Stonehouse ilikuwa makazi ya pamoja. Vijana wasomi wa Milner, ambao watu wa mji waliwabeza kwa kuwaita chekechea yake, walikaa humo pamoja na Baker, Lionel Curtis akiwa mmoja wao, na mazungumzo ya usiku kwenye baraza ile yalihusu kuunganisha makoloni. Edward Grigg wa Kenya alikuja kuwa mtu wa duara lao hilo hilo baadaye. Kwa hiyo nilipokuwa nikijiuliza Jumatatu ni vipi mchoro kutoka London ulifika barabara ya Waiyaki, jibu lilikuwa hapa, kwenye ukingo wa Parktown: kazi zilipita mkononi mwa marafiki. Sisi wa fani hii tusijifanye kushangaa.

Matajiri wa dhahabu nao walitaka nyumba, na Baker aliwajengea. Northwards ipo hapa, na Villa Arcadia ya Lionel Phillips, zote zikielekea kaskazini, ambako katika nusu hii ya dunia ndiko jua la baridi linakotokea, na migongo ikiwa imeelekezwa kusini kwenye migodi. Nilitembea Parktown mchana kutwa na nikaona uzuri mwingi. Niliona pia kwamba kutoka kwenye baraza hizo mwenye nyumba hakulazimika hata siku moja kuuona mgodi uliomlipa msanifu wake.

Jioni, hotelini, niliandika juu ya Delhi, kwa sababu bila Delhi hadithi ya vilima haikamiliki. Desemba 1911 ulitangazwa ujenzi wa mji mkuu mpya wa India. Lutyens alipewa Ikulu ya mwakilishi wa mfalme na Baker akapewa majengo mawili ya Sekretarieti. Lutyens alitaka Ikulu ikae peke yake juu ya kilima cha Raisina. Baker, akitoka Meintjieskop na ladha ya ushindi ikiwa bado mdomoni, alishikilia kwamba Sekretarieti nazo zipande juu, zikae usawa mmoja na Ikulu, na mwaka 1913 Lutyens akakubali bila kupima vizuri mwinamo wa barabara ya kupandia. Ikulu ikasogezwa nyuma. Miaka baadaye ndipo ilipobainika kwamba anayekuja kutoka chini anafika mahali ambapo Ikulu inazama nyuma ya mgongo wa barabara, ikabaki kuba tu. Lutyens alidai barabara ichimbwe zaidi, akakataliwa kwa sababu ya gharama, na urafiki wao wa tangu ujanani ukavunjika. Alisema kwa mzaha mchungu kwamba amekutana na Bakerloo yake, akichanganya jina la Baker, Waterloo aliposhindwa Napoleon, na njia ya treni ya chini ya ardhi ya London.

Wengi humlaumu Baker. Mimi namlaumu kila mtu aliyetia saini mchoro bila kwenda kusimama barabarani.

Siku ya tano, Ijumaa: Cape Town, chini ya mlima

Saa mbili angani. Upepo ulitupokea uwanjani kwa hasira.

Rhodes alikuwa Waziri Mkuu wa Koloni la Cape alipomkabidhi kijana Baker, asiye na jina, nyumba yake ya Groote Schuur aifufue kwa mtindo wa zamani wa Kiholanzi wa Cape: kuta nyeupe za chokaa, vipaji vya uso vilivyopinda kama mawimbi juu ya milango, mbao nzito. Desemba 1896 iliungua, Baker akaijenga tena. Niliiona nje tu, kwa kuwa sikuwa nimeomba nafasi mapema. Huko ndiko tarehe 4 Mei 1990 upande wa Mandela na upande wa Rais de Klerk walikotia saini makubaliano yao ya kwanza. Baker husifiwa kwa kuuokoa mtindo huu wakati wenyeji wa Cape walikuwa wakiudharau, na sifa hiyo ni haki yake. Nitaongeza kwamba plasta zile za mawimbi, katika nyumba za kale alizozisomea, zilipigwa kwa sehemu kubwa na mikono ya watumwa waliovushwa bahari kutoka Madagaska, Msumbiji, India na visiwa vya Indonesia. Bahari yetu imo katika kuta zile.

Alasiri nilipanda hadi ukumbusho wa Rhodes, kwenye mteremko wa Devil’s Peak, uliokamilika mwaka 1912. Ngazi ni 49, na inasemwa ni hesabu ya umri wake, ingawa Rhodes alifariki Machi 1902 kabla ya kuufunga mwaka wa 49. Nilizihesabu kwa sauti ya chini, goti langu la kushoto likinisaidia kuhesabu. Simba wanane wa shaba, kazi ya J. M. Swan, wamelala kando ya ngazi, na chini yake farasi mkubwa wa G. F. Watts amerudisha shingo nyuma, mpandaji amekinga macho kwa kiganja kama mtu anayetafuta kitu mbali. Juu kabisa, ndani ya nguzo za mawe ya itale yaliyotolewa katika mlima huu huu, yupo Rhodes, kichwa kimeegemezwa mkononi. Julai 2020 watu walikikata kichwa hicho, baadaye kilirudishwa.

Mahali ni pazuri kupita kiasi. Hilo lazima niliandike kwa uaminifu, kwa sababu nilitamani liwe jengo baya. Baker alimgeuza mteja wake atazame kaskazini mashariki, kulikokuwa na ndoto yake ya reli ya kutoka Cape hadi Cairo, njia ambayo kwenye ramani ilitupitia sisi. Lakini kinachoonekana hasa kutoka kwenye ngazi hizo ni tambarare za Cape Flats, ambako serikali ya ubaguzi iliwahamishia watu kwa maelfu baada ya kuwafukuza mjini. Usiku ulipokaribia taa za huko zilianza kuwaka moja moja, zikaenea hadi milimani. Rhodes ameketi anazitazama tu.

Kilima Baker alipewa, jiwe akapewa, na mamlaka yote akapewa. Nikikumbuka Nairobi, naanza kuuona upole wa majengo yale kwa jicho jingine. Pale uwandani, mbali na mteja wa kumwabudu, alibakiwa na kivuli na mvua, na akavishughulikia kama fundi.

Siku ya sita, Jumamosi: Kanisa Kuu la Mtakatifu George

Kabla ya ndege ya jioni nilikwenda kwenye kanisa ambalo jiwe lake la msingi liliwekwa mwaka 1901. Ni jiwe la mchanga la Table Mountain tena, limepigwa na upepo wa bahari hadi kingo zimekuwa mviringo. Ujenzi ulikwenda kwa vipande, miongo kwa miongo, na halijawahi kukamilika kama Baker alivyolichora. Yeye mwenyewe aliondoka Afrika Kusini mwaka 1913, akapata cheo cha Sir mwaka 1926, akajenga upya Benki Kuu ya Uingereza na kulaumiwa kwa kubomoa kazi ya mtangulizi wake John Soane, akachora makaburi ya wanajeshi huko Flanders, na mwaka 1946 akafia Owletts, nyumba ile ile alimozaliwa.

Kanisa halikusimama kumsubiri. Askofu Mkuu Desmond Tutu alilifanya kimbilio, na tarehe 13 Septemba 1989 watu wapatao 30,000 walitoka hapa kuandamana, polisi wakawaacha wapite. Majivu ya Tutu yamezikwa humu.

Halina kilima. Limebanwa kati ya bustani ya zamani na barabara yenye magari, na ngazi zake zinaishia karibu kabisa na mahali watu wanapopita. Nilipotoka, mama mmoja muuza maua alikuwa amezitandaza ndoo zake kivulini, na kijana wa baiskeli amekaa kwenye ngazi anakula mkate. Nilijipenyeza katikati yao, nikatoa daftari, nikajaribu kuchora mlango. Yule mama alichungulia, akaniambia kwa Kiingereza kwamba tao langu limeinama upande wa kulia. Nikalitazama tena. Lilikuwa limeinama kweli, nikalifuta na kuanza upya.